Aliyekata mikorosho yangu ameachiwa huru: je, nimepoteza shamba?

Swali

Shikamoo wakili. Naandika kutoka wilaya ya Tandahimba. Mwaka 1998 mjomba wangu, kaka wa mama, alinipa shamba la mikorosho. Nimelihudumia miaka yote: kupalilia, kupuliza salfa, kuokota. Mjomba alifariki mwaka 2016. Mwezi wa nane mwaka jana, mikorosho ikiwa kwenye maua, mtoto wake aliingia asubuhi na vijana watatu wenye mashoka na mapanga. Wakakata mikorosho 11 na kung'oa mihogo yangu. Nilipofika akaniambia nikisogea atanikata kama alivyokata mti. Nilienda polisi. Mahakama ya Mwanzo ilimtia hatiani kwa kuingia kwa jinai na kuharibu mali, ikaamuru anilipe fidia. Alikata rufaa Mahakama ya Wilaya, na wiki iliyopita wamemwachia huru. Hakimu amesema huu ni mgogoro wa umiliki. Sasa anapita kijijini akisema mahakama imempa shamba. Kijiji kizima kilimwona akikata, na mwenyewe hakukana. Walitaka ushahidi gani tena? Na je, nikate rufaa?

Jibu

Marahaba, dada yangu, na pole sana. Mkorosho ukikatwa ukiwa na maua, msimu umekatwa nao, na mtu asiyeishi kwa zao hilo hawezi kujua uchungu wake.

Nianze na linalokunyima usingizi. Binamu yako hajapewa shamba. Mahakama inayosikiliza kesi ya jinai haina uwezo wa kumpa mtu shamba, hata hakimu angetaka. Hukumu ile inasema jambo moja tu, kwamba hakupatikana na hatia ya makosa mawili aliyoshtakiwa. Akienda nayo kwa mwenyekiti wa kitongoji kana kwamba ni hati ya umiliki, mwambie mwenyekiti aisome mpaka mstari wa mwisho aone kama kuna mahali pameandikwa shamba ni la nani. Kwa jinsi ulivyonieleza, hakimu alikataa kabisa kuligusa swali hilo.

Sasa nije kwenye ushahidi. Unasema kijiji kizima kiliona, nami nakuamini. Ilikuwa asubuhi, kweupe, mtu mnamfahamu tangu utotoni, na mwenyewe mahakamani hakukana. Kwa upande wa nani alikata, kesi yenu ilikuwa na nguvu ambayo kesi nyingi za vijijini hazina. Lakini mlithibitisha jambo ambalo hakuna aliyekuwa akilibishia. Kilichobishaniwa ni kama mikorosho ile ilikuwa yako, na kama aliyeikata alijua anafanya kosa. Kwa hayo mawili, mashahidi wa shoka na panga hawasaidii kitu.

Tuyafungue makosa yenyewe. Namba nitakazotaja ni za Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, Toleo la 2022. Kuingia kwa jinai kuko kifungu cha 299. Ili mtu apatikane na hatia, lazima ithibitishwe kwamba aliingia isivyo halali kwenye mali iliyo katika milki ya mtu mwingine, na kwamba aliingia na nia ya kutenda kosa, au kumtisha, kumtukana au kumuudhi mwenye milki. Yote mawili. Kuingia peke yake hakutoshi, na nia mbaya peke yake haitoshi. Adhabu yake kwa shamba haizidi miezi mitatu, na kwa nyumba ya kuishi hufika mwaka mmoja. Kuharibu mali kuko kifungu cha 326, na hilo ni kosa zito zaidi ambalo adhabu yake inaweza kufika miaka saba. Hapo upande wa mashtaka unatakiwa kuonyesha kwamba mali iliharibiwa, kwamba iliharibiwa kwa makusudi, na kwamba kuharibiwa kwake hakukuwa halali. Mtu akikata mti wake mwenyewe ameharibu kwa makusudi, sawa, ila hajatenda kosa. Ndiyo maana kila kesi ya kifungu hiki inarudi palepale: mti wa nani?

Kiwango cha kuthibitisha nacho kinakaba. Sheria inataka jinai ithibitishwe pasipo kuacha shaka yenye maana. Mzigo huo uko kwa anayeshtaki tangu mwanzo hadi mwisho. Mshtakiwa hatakiwi kuthibitisha kwamba shamba ni la baba yake. Anachotakiwa ni kuibua shaka ya kweli tu. Wewe unatakiwa kuiondoa.

Na hapa kuna kifungu ambacho watu wengi hawajawahi kukisikia mpaka siku ya hukumu. Kifungu cha 9 cha Kanuni ya Adhabu kinasema mtu hawajibiki kwa jinai katika kosa linalohusu mali ikiwa alitenda kwa kudai haki yake kwa dhati, bila nia ya kulaghai. Soma vizuri: kwa dhati. Haisemi lazima awe sahihi. Mtu anaweza kuwa amekosea kabisa kuhusu umiliki, akashindwa vibaya kwenye baraza la ardhi, na bado asiwe mhalifu, kwa sababu siku ile aliamini moyoni kwamba anakata mikorosho ya marehemu baba yake. Kwa kesi yako, binamu alisimama kizimbani akasema, "Baba aliipanda, baba amekufa, mimi ni mwanawe." Hakimu akajiuliza: je, haiwezekani kabisa kwamba kijana huyu anaamini anachosema? Jibu likawa inawezekana, na kesi ikaishia hapo.

Huo si uzushi wa hakimu mmoja. Mahakama Kuu ilishasema katika uamuzi wa mwaka 1991, ulioripotiwa kwenye Tanzania Law Reports ya mwaka huo ukurasa wa 100, kwamba katika shtaka la kuingia kwa jinai, ukitokea ubishi wa nani mmiliki wa ardhi, mahakama isiendelee na jinai bali imshauri mlalamikaji afungue madai. Mwaka uliofuata ikarudia kwa maneno makali zaidi (ripoti ya 1992, ukurasa wa 110): mahakama ya jinai si mahali pa kuamua haki za wanaogombea ardhi, na shtaka la kuingia kwa jinai haliwezi kusimama kama umiliki haujaamuliwa kwanza kwa njia ya madai. Maamuzi hayo mawili yanatajwa kila siku mahakamani. Kesi yako ilipofika Mahakama ya Wilaya, ilikuwa imeshanaswa kwenye mtego huo bila mtu yeyote kukuonya, na hilo ndilo linaloniuma.

Utauliza, kwa nini sheria iwe hivyo, mbona kama inamlinda mwenye panga? Nami nilipoanza kazi hii niliona hivyo. Miaka ilinifundisha vinginevyo. Mahakama ya Mwanzo imenyimwa mamlaka juu ya migogoro ya ardhi. Kifungu cha 4 cha Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Sura ya 216, kimeziondolea mahakama za mahakimu mamlaka ya madai kwenye mambo ya Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji. Hakimu akiamua kwamba shamba ni lako ili apate kumfunga binamu, ameingilia kwa mlango wa nyuma jambo alilozuiwa mlango wa mbele. Na nimeona upande wa pili wa shilingi: mwenye fedha anakwenda kituoni, maskini anawekwa ndani kwa "kuvamia" shamba alilozaliwa juu yake, na akitoka anasaini karatasi yoyote atakayowekewa. Kanuni hii iliyokuumiza wewe ndiyo inayowaokoa hao.

Ila nayo ina mipaka, na mipaka hiyo inasahaulika. Haitoshi mshtakiwa kufungua mdomo na kusema "ni langu". Ubishi lazima uwe wa kweli. Mahakama hutazama mwenendo. Je, aliwahi kudai shamba hilo kabla ya siku ya tukio, kwa ukoo, kwa mtendaji, kwenye baraza? Alikuja mchana au usiku? Alipoulizwa mara ya kwanza na polisi alisema nini, au hadithi ya umiliki ilizaliwa kizimbani? Anayeingia usiku wa manane, akakata na kukimbia, kisha miezi sita baadaye akakumbuka kwamba lilikuwa la baba yake, huyo dai lake halina dhati. Kwako wewe mambo yalikwenda vibaya kwa sababu binamu alikuja kweupe, akasema wazi kwa nini anakata, na kama nilivyokuelewa, tangu msiba wa mjomba alikuwa akinung'unika kuhusu shamba hilo. Kelele zake zote za miaka hiyo, ambazo mliziona ni ufedhuli, mahakamani zimekuwa kinga yake.

Na umiliki ukishaamuliwa na chombo chenye mamlaka, mambo yanageuka. Mtu aliyeshindwa kwenye baraza la ardhi, muda wa rufaa ukapita au rufaa yake ikatupwa, kisha akarudi na shoka, huyo hana tena pa kujificha. Hapo kifungu cha 299 na cha 326 vinauma kama vilivyokusudiwa.

Kuna jambo moja katika barua yako lililonifanya niisome mara mbili. Alikuambia atakukata kama alivyokata mti. Mbona hakushtakiwa kwa hilo? Kutishia kumdhuru mtu kwa nia ya kumtia hofu ni kosa chini ya kifungu cha 89(2), adhabu yake inaweza kufika mwaka mmoja, na halina uhusiano wowote na nani mwenye shamba. Hata mmiliki halali haruhusiwi kumwambia mtu maneno hayo akiwa na panga mkononi. Ni vivyo hivyo kwa kupiga na kujeruhi: aliyekatwa panga mgongoni akichukua PF3, fomu ya polisi ya matibabu, akatibiwa, akamleta tabibu athibitishe, hakimu hana haja ya kujua mpaka wa shamba uko wapi. Nimeona vituo ambako neno "shamba" likitajwa tu, askari anafunga daftari na kusema nendeni ardhi. Hilo ni kosa. Jinai iliyotendwa juu ya mwili wa mtu inabaki jinai hata ikitokea katikati ya shamba lenye mgogoro. Shtaka la kutishia ndilo lingekuwa mguu imara wa kesi yako, na halikuandikwa kabisa kwenye hati ya mashtaka.

Hata mihogo ilistahili kutajwa peke yake. Mikorosho ilipandwa na mjomba, hivyo mwanawe ana la kusema. Mihogo uliipanda wewe, msimu ule ule, na hakuna aliyebisha. Sisemi hapo mngeshinda moja kwa moja, maana bado angedai ardhi ni yake, ila kuvichanganya vyote katika sentensi moja, "mazao mbalimbali", kuliifanya mihogo izame pamoja na mikorosho.

Umenitumia pia maelezo ya namna mashahidi walivyotoa ushahidi, na hapo napenda nikae kidogo, kwa faida yako na ya wengine watakaofikwa na hili. Hati ilisema mikorosho 11. Wewe ukasema 11. Jirani akasema "kama saba hivi". Mwenyekiti wa kitongoji, ambaye ndiye alifika akahesabu, hakuitwa. Sheria haitaji idadi maalumu ya mashahidi, na shahidi mmoja wa kuaminika anaweza kutosha. Lakini shahidi muhimu aliye karibu asipoletwa bila sababu, mahakama ina haki ya kudhani kwamba angekuja angesema kinyume. Thamani ya hasara mliitaja nyinyi wenyewe. Bwana shamba wa kata hakuletwa kusema mti wa umri ule huzaa kilo ngapi na ulikuwa na hali gani. Shamba lenyewe lilielezwa kwa jina la kijiji tu, bila kitongoji na bila majirani wa pande nne. Hakimu anayesoma jalada akiwa mbali hawezi hata kujua kama shamba analolizungumzia binamu ni hilo hilo unalolizungumzia wewe.

Mambo haya hufanywa siku ya kwanza. Siku ile ile, kabla jua halijazama, mwite mwenyekiti wa kitongoji na majirani wawili wa mpakani, mhesabu visiki pamoja na kuandika: vingapi, viko upande gani, vina unene gani. Kila mmoja asaini. Mwite bwana shamba wiki hiyo hiyo aandike taarifa yake ya maandishi. Piga picha kwa simu, visiki vikiwa na alama ya mazingira inayotambulika, mbuyu, njia, nyumba ya jirani. Simu usiiuze wala kufuta picha, maana Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 inaruhusu ushahidi wa aina hiyo lakini mahakama itataka kujua ulitoka wapi na ulitunzwaje. Polisi utaje jina la mtuhumiwa mara moja, palepale unapoandikisha. Mahakama zetu hutilia shaka jina lililokumbukwa siku ya tatu. Na kama tukio ni la usiku, eleza mwanga ulitoka wapi, ulikuwa umbali gani, ulimtazama kwa muda gani. Mahakama ya Rufani ilisema tangu mwaka 1980 kwamba utambuzi wa usiku ni ushahidi dhaifu unaohitaji tahadhari kubwa.

Hayo yote ni ya tukio. Ya umiliki ni marefu zaidi, na ndiyo yatakayoamua maisha yako kuanzia sasa.

Unasema mjomba alikupa. Binamu, kwa vyovyote vile, atasema baba yake alikuazima ulihudumie. Neno hilo moja ndilo kesi yote. Ukipewa, shamba lilitoka mikononi mwa mjomba mwaka 1998, halikuwa sehemu ya mirathi yake alipofariki 2016, na watoto wake hawana cha kurithi humo. Ukiazimwa, miaka yako zaidi ya ishirini haikusaidii, kwa sababu anayekaa kwa ruhusa ya mwenyewe hageuki kuwa mmiliki kwa kukaa muda mrefu. Watu wengi wananiambia "nimepita miaka 12, sheria inanilinda". Miaka 12 ni muda wa ukomo wa kudai ardhi, lakini hauhesabiwi dhidi ya mtu aliyekukaribisha.

Basi jiulize, na ujibu bila kujidanganya. Siku ile ya 1998 walikuwepo nani? Nani kati yao yu hai? Kulikuwa na kikao cha ukoo? Serikali ya kijiji ilijulishwa? Na swali ambalo mimi humuuliza kila mtu wa kesi ya aina hii: msimu ulipoisha, mjomba alikuwa akija kuchukua gunia lolote? Kama alichukua fungu lake kila mwaka, inanukia kuazima. Kama hakuchukua hata kilo moja kwa miaka 18 mpaka anakufa, na mwanawe alikuwa akiona, hilo linasema kuliko mashahidi kumi.

Tafuta karatasi. Stakabadhi za mauzo za AMCOS, yaani chama chenu cha ushirika cha mazao, orodha za ugawaji wa salfa na pembejeo zenye jina lako, usajili wako wa mkulima wa korosho wenye idadi ya miti. Uzijue uwezo wake na upungufu wake: stakabadhi inaonyesha uliuza korosho, haionyeshi uliziokota chini ya mti upi. Lakini ukiwa na usajili unaotaja kitongoji na idadi ya mikorosho, na mauzo ya miaka mingi yanayolingana na idadi hiyo, picha inaanza kujichora. Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Kama una muhtasari wa kikao cha kijiji, au hatimiliki ya kimila, hiyo ni bora zaidi. Kwa wengi wa kusini bado haipo.

Huenda pia mila ikaletwa. Kwa Wamakonde, kama kwa Wamakua, Wamwera na Wayao, ukoo ulifuata upande wa mama, na mali ya mjomba kwenda kwa mpwa lilikuwa jambo la kawaida. Leo dini, sheria na maisha vimebadilisha mengi, na watoto wanadai cha baba yao. Ndiyo maana mgogoro wa mpwa na mtoto wa marehemu ni mwingi sana katika majalada ya Mtwara na Lindi, na pande zote mbili mara nyingi zinadai kwa moyo safi. Ushauri wangu ni kwamba usijenge kesi yako juu ya mila ya urithi. Wewe hukurithi, ulipewa na mtu aliye hai. Simama hapo usitoke. Binamu akisema mwanamke hamiliki mikorosho ya ukoo, usihangaike naye: kifungu cha 20 cha Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Sura ya 114, kinaibatilisha mila yoyote inayomnyima mwanamke haki ya kumiliki ardhi.

Chunguza jambo moja zaidi. Kama sehemu ya shamba ni hame, yaani makazi yaliyoachwa watu walipohamishiwa vijijini wakati wa Operesheni Vijiji, watatokea wengine wenye "mikorosho ya babu". Kifungu cha 15 cha sheria hiyo hiyo kimethibitisha ugawaji wa ardhi uliofanywa vijijini kati ya tarehe 1 Januari 1970 na 31 Desemba 1977. Anayedai kwa babu aliyehamishwa, huku mwingine akiwa aligawiwa ardhi hiyo hiyo wakati ule, ana mlima wa kupanda. Jua mjomba wako alilipata lini na kwa nani.

Ukate rufaa? Haki unayo. Una siku 30 tangu hukumu kwenda Mahakama Kuu, Kanda ya Mtwara, na rufaa hiyo huwasilishwa Mahakama ya Wilaya ile ile iliyotoa uamuzi. Lakini kwa ushahidi ulionieleza, mimi nisingetumia fedha zako huko. Mahakama Kuu itakutana na maamuzi yake yenyewe ya 1991 na 1992, na hata ukishinda, utakuwa umepata adhabu ya binamu, shamba litabaki na ubishi ule ule.

Nenda kwenye ardhi. Anzia Baraza la Kata. Tangu mabadiliko ya mwaka 2021, baraza hilo haliamui tena nani mshindi, linasuluhisha tu. Usilidharau kwa sababu hiyo, kwani hapo ndipo wazee waliokuwepo 1998 wanaweza kusema mbele ya binamu bila mawakili, na mimi nimeona ndugu wakigawana mipaka wakatoka wakiongea. Usuluhishi ukishindikana, chukua cheti chao; siku 30 zikipita bila suluhu, sheria inakuruhusu kusonga mbele. Unakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, ambako kipimo ni cha madai: nani hadithi yake ina uzito zaidi. Huko hutakiwi kuondoa kila shaka. Katika maombi yako taja mambo matatu kwa pamoja, utamkwe mmiliki, binamu azuiwe, na ulipwe fidia ya mikorosho 11 na mihogo. Fidia ya uharibifu ina ukomo wa miaka mitatu tangu siku ya tukio, hivyo mwezi wa nane mwaka jana uuandike ukutani. Omba pia zuio la muda kabla ya kuokota kuanza mwezi wa kumi, ili asije kuzoa korosho za mikorosho iliyobaki huku kesi ikiendelea.

Akija kabla ya zuio, usimfuate na vijana wako. Nakuomba sana. Mwite mwenyekiti, aone, aandike. Akikutishia tena, nenda polisi siku hiyo hiyo na useme maneno yake kama alivyoyasema, usiseme "tuna mgogoro wa shamba". Utakapoeleza kwa namna hiyo, askari atakuwa na kosa la kuandika.

Na vile visiki 11, najua mtu atakushauri uving'oe upande mbegu mpya za kituo cha utafiti cha Naliendele. Subiri. Mkorosho uliokatwa huchipua, na machipukizi yale yanaonyesha mti ulikuwa hai, ulikatwa lini takriban na ulisimama wapi. Baraza lina uwezo wa kuja kuliona shamba, na siku litakapokuja nataka livikute palepale, vyote 11, vikihesabiwa kimoja kimoja mbele ya binamu yako.